Mwili Ukipoa Kupita Kiasi: Yanayotokea kwa Potasiamu ya Damu

Mwezi wa saba ni mwezi wa makabuti. Kule Kinangop, Limuru, Molo na Timboroa umande wa asubuhi huuma vidole, na pande zingine za Nyandarua viazi huungua shambani kwa barafu ya usiku. Huu ndio msimu ambao mtu huweza kuokotwa alfajiri kando ya njia, amenyeshewa usiku kucha, mwili baridi kama jiwe la mtoni. Pengine ni mzee aliyetoka kutafuta ng'ombe aliyepotea. Pengine ni kijana aliyelala mtaroni akitoka kunywa. Watu hujaa haraka, na kila mmoja ana shauri lake. Huyu anasema asimamishwe atembezwe, yule anasema apelekwe motoni, mwingine anataka asuguliwe mikono na miguu mpaka apate joto. Wote wana nia njema. Lakini mara nyingine mgonjwa aliyekuwa akipumua alipookotwa hukata roho mikononi mwa wale wanaomsaidia, na watu husema siku yake ilikuwa imefika.

Yawezekana haikuwa imefika. Mtu aliyepoa anaweza kuuawa na mambo kadhaa wakati wa kupashwa joto, na leo tutachukua moja ambalo halizungumzwi sana vijijini: madini yaitwayo potasiamu. Jina ni la maabara, lakini kazi yake ni ya kila siku, na ukilielewa jambo hili utajua mwenyewe kwa nini tunasisitiza pole pole.

Kwanza tuelewane juu ya neno baridi. Wengi wetu tukisema mtoto "amepigwa na baridi" tunamaanisha nimonia, kifua na homa. Hapa hatuzungumzi juu ya nimonia. Tunazungumza juu ya joto la mwili wenyewe kushuka. Mwili wa mtu mzima hukaa karibu na nyuzi 37. Ukishuka chini ya 35 tayari ni ugonjwa. Kati ya 35 na 32 mtu hutetemeka sana, maneno yake huanza kukokota, vidole hushindwa hata kufunga kifungo. Chini ya 32 kutetemeka hupungua, kisha hukoma, na akili huchanganyika. Usidanganyike hapo ukasema amepata nafuu kwa sababu ametulia. Ametulia kwa sababu nguvu za kujipasha joto zimekwisha. Chini ya 28 ni hatari kubwa mno: mapigo ya moyo huwa machache na dhaifu, pumzi huja mara moja moja, na mtu huonekana kama maiti.

Sasa potasiamu. Fikiria boma lenye ghala. Magunia ya mahindi yako ndani ya ghala, na nje kwenye meza kuna kikombe kimoja tu cha unga wa kupika leo. Ndivyo mwili ulivyopanga potasiamu. Katika kila sehemu 100 za potasiamu mwilini, kama 98 zimo ndani ya seli, yaani vile vyumba vidogo sana vinavyojenga nyama, ini, damu na ubongo. Sehemu mbili tu ndizo ziko nje ya seli, na humo ndimo hiyo ya kwenye maji ya damu inayopimwa maabara. Kipimo cha kawaida cha damu ni kati ya 3.5 na 5.0, na wapimaji hukiita milimoli kwa lita. Ni kiasi kidogo. Lakini moyo hutegemea tofauti hiyo ya ndani na nje ili uweze kupiga kwa mpango. Potasiamu ya damu ikishuka mno, moyo huruka mapigo na kwenda ovyo. Ikipanda mno, moyo hulegea na unaweza kusimama ghafula. Kwa hivyo si swali la kuwa nyingi ni nzuri au kidogo ni kibaya. Ni lazima ikae mahali pake.

Anayelinda ghala hilo ni pampu ndogo zilizo kwenye ukuta wa kila seli. Zinavuta potasiamu ndani na kusukuma sodiamu, ile ya chumvi ya mezani, nje. Hazipumziki usiku wala mchana, na sehemu kubwa ya chakula tunachokula huishia kuziendesha. Aliyezigundua ni Jens Skou wa Denmark, mwaka 1957, akifanya uchunguzi kwenye mishipa ya fahamu ya miguu ya kaa. Naam, kaa wa baharini. Mwaka 1997 alipewa Tuzo ya Nobel kwa kazi hiyo, miaka 40 baadaye.

Baridi inapoingia mwilini, potasiamu ya damu hushuka. Hili ndilo la kwanza kushika. Mtu anayetetemeka ameshtuka, na mwili wake humwaga homoni za kupigana na shida, ikiwemo adrenalini. Homoni hizo, pamoja na kufanya moyo uende mbio, huamuru seli zivute potasiamu zaidi ndani. Tena mtu aliyepoa hukojoa sana, kwa sababu mishipa ya ngozi hujibana na damu yote hurudi katikati, figo zikadhani maji yamezidi. Katika mkojo huo potasiamu nyingine hupotea. Lakini kiasi kikubwa hakijapotea. Kimeingia ghalani tu. Ukipima damu ya mtu huyu utaona potasiamu kidogo, na mtu asiyejua atasema ameishiwa. Kumbe imejificha.

Hospitalini jambo hili linajulikana vizuri kwa sababu wakati mwingine madaktari wenyewe humpoza mgonjwa kwa makusudi. Mtu ambaye moyo wake ulisimama kisha ukarudishwa aliweza kupozwa hadi nyuzi 32 au 34 ili kuulinda ubongo. Wakati wa kupoza, potasiamu yake hushuka na inabidi ipimwe mara kwa mara. Wakati wa kumrudisha kwenye joto huwa hawana haraka hata kidogo: robo nyuzi au nusu nyuzi kwa saa. Kutoka 33 hadi 37 kwa mwendo huo ni kazi ya kutwa. Sababu moja ya kwenda hivyo ni kwamba mwili unapopata joto, potasiamu iliyojificha hutoka tena nje ya seli na kurudi kwenye damu. Ikirudi kidogo kidogo, figo huipokea na kuitoa inayozidi. Ikirudi yote mara moja, moyo hukutana na mafuriko.

Na hapa ndipo palipo na mtego. Tuseme mgonjwa alipimwa akiwa amepoa, potasiamu ikaonekana 2.8, akawekewa nyingine kwa dripu bila kufikiria ile iliyojificha. Anapopata joto, ya dripu na ya seli hukutana. Ndiyo maana daktari mwangalifu humpa mtu aliyepoa potasiamu kwa uchache na kumpima tena na tena. Kwa sababu hiyo hiyo, dripu, vidonge au "dawa ya nguvu" kutoka dukani visipewe mtu aliyeokotwa baridi. Hata kama jirani alisaidiwa nazo mwaka jana.

Lakini kuna upande wa pili, na msomaji makini atauliza: je, baridi ikizidi sana inakuwaje? Zile pampu ni kama mashine yoyote, zikipoa sana huzubaa. Seli zikikosa hewa na pampu zikasimama, kuta huanza kuvuja na potasiamu humwagika nje. Kwa hivyo kwa mtu aliyepoa mno, potasiamu ya damu iliyo juu sana ni habari mbaya: inasema seli zimeanza kufa. Madaktari huitumia kama kipimo cha tumaini. Mtu aliyepoa ambaye moyo umesimama na potasiamu yake imepita 12, kwa kawaida hakuna la kufanya tena. Ikiwa iko chini, hata akionekana amekufa, inafaa kuendelea kumshughulikia.

Mfano mmoja unajulikana duniani kote. Tarehe 20 Mei 1999, huko Norway karibu na mji wa Narvik, daktari kijana aitwaye Anna Bågenholm alikuwa akiteleza kwenye theluji mlimani akaanguka kwenye kijito kilichofunikwa na barafu. Alinaswa chini ya barafu dakika 80. Alipata mfuko mdogo wa hewa akaendelea kupumua kama dakika 40, kisha moyo ukasimama. Wenzake walipomtoa walianza kumkandamiza kifua hapo hapo na hawakuacha njia nzima, hadi hospitali ya Tromsø. Joto lake lilikuwa nyuzi 13.7. Walimpitisha damu kwenye mashine inayofanya kazi ya moyo na mapafu, wakaipasha joto taratibu. Akaishi, na baadaye akarudi kufanya kazi ya udaktari. Alipoa upesi kabla hewa haijamwishia, na ubongo uliopoa hauhitaji hewa nyingi. Tangu zamani waganga wa nchi za barafu wana msemo kwamba mtu hahesabiwi amekufa mpaka apate joto na bado awe amekufa.

Sisi hatuna theluji vijijini, wala mashine ya namna hiyo haiko kwenye dispensari. Lakini msemo huo unatuhusu. Mtu aliyepoa sana anaweza kuwa na mpigo mmoja baada ya sekunde kadhaa. Ukigusa mkono haraka haraka utakosa. Mguse shingoni, weka shavu lako karibu na pua yake, utazame kifua, na umpe dakika nzima kabla ya kusema lolote. Watu wasianze kulia wala kutafuta shuka la kumfunika uso. Kama kweli hapumui na katika kikundi yuko aliyefunzwa kukandamiza kifua, aanze, mara 100 hadi 120 kwa dakika, na wengine wampokezane huku gari likitafutwa.

Kama anapumua, basi kazi yetu ni kumtunza asiharibikiwe njiani. Mtoeni penye upepo na mvua. Abebwe akiwa amelala, kwa blanketi, kwa mlango au kwa machela ya miti na magunia, wala si kwa kushikwa kwapani huku miguu ikiburuzika. Moyo uliopoa chini ya 28 ni kama mtego wa panya uliotegwa: mtikiso tu unaweza kuufanya uanze kutetemeka ovyo badala ya kupiga. Nguo zilizoloa zitolewe, na afadhali zikatwe kwa makasi kuliko kumgeuza geuza. Akaushwe kwa kupangusa kidogo kidogo. Chini yake wekeni kitu, magunia makavu, majani ya nyasi, godoro, kwa maana udongo humnyonya mtu joto kuliko hewa. Juu yake blanketi, na kichwa kifunikwe pia.

Joto la nje liwekwe kifuani na kwapani. Chupa za maji ya moto zilizofungwa kwa kitambaa zinafaa, au mtu mzima mwenye afya alale naye ndani ya blanketi, ngozi kwa ngozi. Chupa isiguse ngozi moja kwa moja, kwani ngozi iliyokufa ganzi huungua bila mwenyewe kusikia.

Kwa nini kifuani, si miguuni? Kwa sababu mtu aliyepoa amefunga mishipa ya mikono na miguu. Damu iliyolala huko ni baridi, ina tindikali iliyolimbikana na potasiamu iliyovuja kutoka kwa misuli isiyopata hewa. Ukimsugua miguu, ukiitia kwenye beseni la maji moto, au ukimsimamisha atembee, unafungua mishipa hiyo yote kwa mara moja. Damu ile hurudi moyoni kwa kishindo, presha nayo huanguka kwa kuwa damu imesambaa miguuni. Ndio maana wengine hufa dakika chache baada ya "kuokolewa". Ukipasha kifua kwanza, moyo hupata joto kabla ya kupokea mzigo.

Akiwa macho, anajibu ukimwita, na anaweza kumeza, mpe chai ya sukari au uji wa vuguvugu, kidogo kidogo. Sukari ndiyo kuni za kutetemeka. Asiyejitambua asipewe chochote mdomoni. Pombe hapana, hata kikombe kimoja "cha kuchangamsha damu". Pombe hufungua mishipa ya ngozi, mtu huhisi joto huku joto lenyewe likitoka, na humzuia kutetemeka. Wanywaji wa kila siku tena huwa hawali vizuri, na wengi tayari wana upungufu wa potasiamu mwilini. Ndio sababu kijana wa mtaroni yuko katika hatari zaidi kuliko mwenzake aliyenyeshewa naye.

Neno moja juu ya jiko la makaa. Mtu akipoa, wazo la kwanza ni kuwasha jiko ndani na kufunga madirisha. Makaa hutoa hewa ya sumu isiyo na harufu, na imeua familia nzima nzima katika nchi hii. Jiko liwashwe nje, maji yachemshwe nje, chupa ziletwe ndani.

Mkifika hospitali, mwambieni daktari mambo matatu: alikaa kwenye baridi muda gani, alikunywa nini, na anatumia dawa gani. Hili la dawa msilipuuze. Wazee wengi wenye presha hutumia vidonge vya kukojoza, na baadhi ya vidonge hivyo hutoa potasiamu pamoja na mkojo. Vingine vya presha hufanya kinyume, huizuia isitoke. Daktari akijua ni vipi, ataisoma karatasi ya maabara kwa macho mengine. Chukueni pakiti yenyewe mwende nayo.

Sasa tuwageukie watoto, maana huko ndiko baridi na potasiamu hukutana mara nyingi zaidi, hata mahali penye joto kama Turkana au Kilifi. Mtoto mwenye utapiamlo mkali, yule aliyekonda akabaki mifupa au aliyevimba miguu kwa kwashiakoo, hana mafuta ya kumhifadhi wala chakula cha kuwasha moto ndani. Kwake joto la kwapani chini ya 35 ni dharura. Na pampu zake zimechoka kwa kukosa chakula. Potasiamu imevuja kutoka kwenye seli na kwenda na mkojo na kuhara, sodiamu imeingia mahali pake ikakaa. Huyu si kama yule mzee wa mtaroni. Kwa mzee, potasiamu imejificha. Kwa mtoto huyu ghala lenyewe ni tupu. Kipimo cha damu kinaweza hata kusoma vizuri huku ndani hakuna kitu.

Kwa hivyo Shirika la Afya Duniani katika mwongozo wake wa kutibu watoto hawa liliweka sukari kuwa hatua ya kwanza, joto ya pili, maji ya tatu na madini ya nne. Zinafuatana kwa sababu zinashikana. Mtoto asiye na sukari hupoa. Aliyepoa huishiwa sukari. Hospitalini hupewa maziwa maalumu yaitwayo F-75, ambayo potasiamu imo tayari, kila baada ya saa mbili au tatu, usiku na mchana. Usiku ndio unaowaua wengi: mama amelala kwa uchovu, mtoto hajala, blanketi limeanguka. Kama mama wa kikundi chenu amelazwa na mtoto wa namna hii, mtu akienda kumpokea zamu ya usiku atakuwa amefanya kazi kubwa.

Na akina mama wajue hili: ile pakiti ya kawaida ya maji ya chumvi na sukari tunayotumia kwa kuhara ni nzuri kwa watoto wengi, lakini kwa mwenye utapiamlo mkali ina sodiamu kupita kiasi na potasiamu kidogo. Ana mchanganyiko wake mwingine, hutolewa kwa uangalizi wa muuguzi. Usimtibu nyumbani. Mpime mkono kwa ule utepe wa rangi. Akiwa na miezi 6 hadi miaka 5 na mkono ukiingia kwenye nyekundu, yaani chini ya sentimita 11.5, mpeleke, ukiwa umembeba kifuani ndani ya nguo yako, ngozi kwa ngozi, kichwa kikiwa na kofia.

Kubeba hivyo si jambo la kienyeji la kuonea haya. Mwaka 1978 huko Bogotá, Colombia, daktari Edgar Rey Sanabria alianza kuwapa mama watoto waliozaliwa kabla ya wakati wawabebe kifuani, kwa kuwa mashine za joto hazikutosha. Leo hospitali nyingi duniani, pamoja na zetu, hufundisha njia hiyo. Mtoto mchanga anatakiwa awe kati ya 36.5 na 37.5. Bila kipimo chochote unaweza kumgusa: tumbo likiwa na joto na nyayo zikiwa baridi, ameanza kupoa, vyote viwili vikiwa baridi, amepoa tayari, na safari ya hospitali isingoje asubuhi.

Juu ya kipimajoto kuna kasoro ambayo wengi hawaijui. Vile vya kioo vya kawaida huanza kuhesabu kwenye 35. Chini ya hapo havina namba. Mtoto aliye na 33 ataonekana ana 35, na mama ataambiwa "amepoa kidogo tu". Vingi vya betri hushuka hadi 32. Kikundi kikinunua kipimajoto cha pamoja, soma karatasi yake uone kinaanzia wapi, usiangalie bei peke yake.

Limebaki jambo la sampuli za damu, na linawahusu hasa wale wanaoishi mbali na maabara. Damu ikishatolewa na kutiwa kwenye kichupa, seli zake bado ziko hai kwa muda na pampu bado zinafanya kazi. Ukiiweka kwenye barafu, pampu husimama na potasiamu huvuja kutoka kwa seli nyekundu. Maabara itaandika potasiamu iko juu, ilhali ndani ya mgonjwa iko sawa. Tazama kioja hiki: ndani ya mtu aliye hai baridi huishusha kwanza, ndani ya kichupa baridi huipandisha. Tofauti ni kwamba kwenye kichupa hakuna adrenalini wala figo, kuna pampu peke yake, nayo imeganda. Barabara mbovu nayo huongeza, maana mtikiso hupasua seli na vilivyomo hutoka.

Jambo hilo hilo hutokea kwenye damu ya kuchangia. Hutunzwa kwenye friji kati ya nyuzi 2 na 6, na kadiri siku zinavyosonga potasiamu iliyo nje ya seli huongezeka ndani ya mfuko. Mtu mzima anayepewa mfuko mmoja taratibu hatasikia kitu. Mtoto mchanga anayehitaji nyingi kwa haraka, madaktari humchagulia iliyo mpya.

Kwa hivyo kama kikundi chenu husaidia kupeleka sampuli kwa pikipiki, msifikiri sanduku la barafu la chanjo linafaa kila kitu. Chanjo hutaka baridi. Damu ya kupima potasiamu hutaka kivuli, joto la kawaida la chumba, mwendo wa taratibu na kufika mapema. Mwulizeni muuguzi kabla ya kuondoka, kila kichupa na sharti lake. Na mgonjwa wa figo au wa presha akiambiwa ghafula kwamba potasiamu yake imepanda, ilhali sampuli ilikaa usiku mzima kwenye friji, ana haki ya kuuliza kwa heshima: "Daktari, tafadhali, tunaweza kupima tena?" Wakati akingoja jibu asiache dawa zake wala asianze nyingine. Lakini akijisikia mwili kulegea au moyo kuruka, asingoje jibu la pili. Aende siku hiyo hiyo apimwe mapigo ya moyo kwa mashine, kwa sababu mashine hiyo husoma moyo wenyewe, haidanganywi na kichupa kilichopoa.